Jinsi ya kutunga mradi wa utafiti wa mitambo ya wakati, ikiwa hapa hapa Nairobi

Kama unaandika stori ya mitambo ya kichawi inayochezea wakati na unataka ikae Nairobi, tafadhali usianze na mtambo. Najua ndio wenye raha, taa zinawaka, chuma inalia, mtu anaingia huku anatokea 1963. Lakini msomaji akimaliza kushangaa atauliza maswali mawili, hii kitu inalipiwa na nani na inakula nini, na kama huna majibu stori inakufa chapta ya pili. Kwa hivyo anza na mradi wenyewe. Mradi wa utafiti uko na ofisi, uko na bajeti, uko na makaratasi na watu wasioelewana, na katikati ya hayo yote ndio uchawi unapata mahali pa kukaa. Nitakuonyesha venye mimi hujenga, na nitatumia mfano mmoja wa kubuni, tuuite Mradi wa Robo Saa. Chukua unachotaka, geuza, tupa kingine.

Tafuta shimo kwenye historia ya kweli

Mradi unahitaji sababu ya kuanza, na sababu nzuri ni ile msomaji anaweza kwenda kuitafuta akakuta ni ya ukweli. Sisi tuko nayo. Wakati wa mkoloni kuna kipindi saa za Kenya zilikuwa mbele ya GMT kwa saa 2 na dakika 45, si saa 3 kama leo. Baadaye zikasongeshwa zikafika saa 3 kamili, na ndipo tumekaa hadi sasa. Ebu fikiria ile siku ya kusongesha. Mshale umeruka robo saa. Kuna dakika 15 kwa saa ya ukutani ambazo hakuna mtu Kenya nzima alizipitia, hakuna mtoto amezaliwa ndani yake, hakuna treni imeingia stesheni, hakuna mtu amekata roho. Kwa sayansi hapo hakuna kitu, ni hesabu tu imebadilishwa, wakati wenyewe haukuenda popote. Lakini kwa uchawi hiyo ni mali haina mwenyewe. Na mradi wangu unaanzia hapo, kuna watu wanaamini zile dakika zilifichwa mahali, na mahali penyewe ni chini ya hili jiji.

Ukishapata shimo kama hilo maswali yanakuja yenyewe, nani alizificha, alizitoa wapi hizo nguvu, nani mwingine anazitafuta. Si lazima utumie langu. Nairobi ilianza 1899 kama kambi ya reli, na reli ndiyo ilileta ratiba, mambo ya kwamba treni inaondoka dakika fulani uwe umefika ama hujafika, kwa hivyo unaweza kuanzia pale karakana za reli. Ama toka nje kidogo uende Olorgesailie, kule njia ya Magadi, kuna mashoka ya mawe yamelala pale kwa mamia ya maelfu ya miaka. Ama anza na yule kijana wa Turkana ambaye mifupa yake iligunduliwa na Kamoya Kimeu mwaka wa 1984, mifupa ya miaka kama milioni moja na nusu, na iko hapa hapa makumbusho ya Nairobi.

Ile napenda zaidi ni ya satelaiti ya Uhuru, na nashangaa watu hawaitumii. Tarehe 12 Desemba 1970, siku Kenya inatimiza miaka 7 ya uhuru, satelaiti ya kuangalia eksirei za angani ilirushwa kutoka jukwaa la San Marco, baharini karibu na Malindi, ikapewa jina la Uhuru. Vipimo vyake vilisaidia wanasayansi kuanza kushuku kwamba kile kitu kinaitwa Cygnus X-1 ni shimo jeusi, yaani kitu cha angani chenye mvutano mkali hadi mwanga hautoki. Na karibu na shimo jeusi wakati unaenda polepole ukilinganisha na wa mtu aliye mbali. Mtu akikuambia Kenya na sayansi ya wakati hazijuani mwambie hiyo, alafu uandike stori ambapo wakati satelaiti inapanda kuna kitu kingine kilishuka.

Weka mguu mmoja kwa sayansi

Uchawi ukielea peke yake msomaji hauamini, unataka mguu mmoja ukanyage kitu imepimwa. Na bahati yetu ni kwamba Nairobi iko juu. Einstein alionyesha kwenye nadharia yake ya 1915 kwamba saa iliyo juu inaenda haraka kidogo kuliko iliyo chini, maana mvutano wa dunia hauko sawa juu na chini, na hii imepimwa mara nyingi na saa za atomiki, ata zile saa za satelaiti za GPS lazima zirekebishwe, maana zinakimbia kama mikrosekunde 38 kwa siku kuliko za huku chini, na zikiachwa hivyo ramani ya simu yako ingekupoteza kilomita nyingi ndani ya siku moja tu.

Sasa piga hesabu ya kwetu. Katikati ya jiji ni karibu mita 1,700 juu ya bahari, Mombasa iko pale pale baharini. Ukiweka saa mbili zinazofanana kabisa, moja Mombasa na nyingine Nairobi, ya Nairobi itatangulia kwa kama nanosekunde 16 kila siku. Hii si uchawi, ni fizikia tu. Kwa mwaka ni karibu mikrosekunde 6, na ukitaka Nairobi itangulie Mombasa kwa sekunde moja nzima utangoja miaka kama 170,000.

Hapo ndio raha ilipo kwa mwandishi. Mradi una daktari wa fizikia ambaye ameona hiyo tofauti na anajua iko, lakini pia anajua ni ndogo mno, hatawahi kuitumia akiwa hai. Inabidi akubali kukaa meza moja na mama fulani kutoka pwani ambaye familia yake imekuwa ikifukia fingo, zile hirizi za kuzikwa ardhini, na kuzindika nyumba, yaani kuikinga kwa uganga, kizazi baada ya kizazi, na mama ndiye anajua kukikuza kitu kidogo kiwe kikubwa. Sayansi inatoa mbegu, uganga unaikuza. Usimfanye huyo mama kichekesho, na usimfanye daktari mjinga wa kubishana kila ukurasa. Wote wawili ni wataalamu, kila mtu anaogopa kitu tofauti, na ukiwaandika hivyo nusu ya kazi umemaliza.

Sheria ya mtambo, hapa usikimbie

Hii ndiyo sehemu ningetaka uikalie siku kadhaa. Lazima mtambo uwe na mpaka, na mpaka mzuri unatoka kwa mawazo ya watu wa hapa, si kwa mawazo uliyoona mahali pengine.

John Mbiti, kasisi na mwanafalsafa Mkenya aliyezaliwa 1931, aliandika kuhusu wakati kwa kugawanya mara mbili, Sasa na Zamani. Kwa maelezo yake mtu akifa haingii Zamani mara moja. Anabaki kwenye Sasa mradi kuna aliye hai anayemkumbuka kwa jina, alimjua, alikula naye. Huyo wa mwisho akishafariki ndio marehemu anazama kabisa Zamani. Kuna wanafalsafa wengine Waafrika walimpinga kwa mambo kadhaa, na ni sawa, ata wahusika wako wanaweza kubishana kuhusu hilo wakinywa chai. Lakini kama sheria ya mtambo sijaona ingine ya kuishinda.

Sheria ya Robo Saa basi ni hii: mtambo unafika pale tu kumbukumbu ya mtu aliye hai inafika. Huwezi kwenda 1899, hakuna aliyebaki. Huwezi kwenda kumwona babu wa babu yako. Unaweza kwenda usiku wa kuamkia 12 Desemba 1963 kule Uhuru Gardens, taa zimezimwa, bendera moja inashuka ingine inapanda, lakini mpaka upate mtu aliyekuwa pale. Kila mtambo unahitaji shahidi. Mtoto aliyekuwa na miaka 10 usiku huo leo amepita 70, na kila mwaka mashahidi wanapungua, kwa hivyo mradi unakimbizana na vifo. Unaona venye hiyo inabadilisha kila kitu? Kifaa cha gharama kubwa zaidi kwenye maabara si saa ya atomiki, ni shosho wa miaka 75 ambaye anataka kurudishwa nyumbani kabla mvua inyeshe. Mwanasayansi aliyesoma hadi mwisho anashinda hospitalini ameshika mkono wa mzee, na si kwa utafiti peke yake, ameshampenda huyo mzee.

Alafu bei. Kila kitu cha wakati kiwe na bei na bei iume. Mimi natumia mfano wa kukopa kredo kwa simu, unapewa sasa hivi unafurahi, lakini kinachokatwa baadaye ni zaidi ya kile ulipewa. Mtambo ukionyesha dakika 10 za kumbukumbu ya shahidi, yeye anapoteza dakika 11, milele. Zile 10 mradi umezihifadhi, yoyote anaweza kuziona, lakini yeye mwenyewe ndani yake hazipo tena. Na ile moja ya ziada inaenda tu, haionekani popote, na huchagui itatoka upande gani. Shosho ametoa ule usiku wa bendera, wamepata bendera, wamepata giza na kelele za watu. Ile dakika ya ziada ndiyo ilikuwa na mkono wa baba yake akimwinua aone.

Andika mazungumzo yao kabla ya kuwasha mtambo, na uyaandike kwa heshima inayotakikana, kijana wa miaka 26 hapa Nairobi haongei na mtu wa umri huo kama anaongea na rika lake.

"Shosho, naomba nikuulize tena. Hii siku ukitupatia haitarudi."
"Umeniuliza jana."
"Ndio shosho. Lazima nikuulize na leo."
"Na wajukuu wakiniuliza nilikuwa wapi hiyo siku?"
"Watakuja hapa, tutawaonyesha."
"Mimi nitakuwa nimeketi nao nikiangalia kama mgeni."
"Ndio, shosho."

Usiongeze maelezo baada ya hapo. Ruka uende mahali pengine.

Swali ambalo Nairobi nzima itauliza

Ukiweka mtambo wa wakati Nairobi, kuna tarehe moja huwezi kuikwepa nayo ni 7 Agosti 1998. Bomu la ubalozi wa Marekani liliua watu zaidi ya 200 hapa jijini, ijumaa asubuhi, watu wakiwa kazini na wengine ndani ya basi wakipita tu. Bustani ya kumbukumbu iko pale na majina yameandikwa. Msomaji wa hapa atakuuliza kwa nini mradi haukurudi kuzuia, na ni haki yake kuuliza. Ukinyamaza utaonekana hujali.

Jibu lazima litoke kwa sheria zako. Kwa Robo Saa mtambo unaona na kusikia, haugusi. Kuna mwanafizikia Mrusi, Igor Novikov, aliyetoa wazo kwamba ata kama kurudi nyuma kungewezekana, ungefanya tu yale ambayo tayari ni sehemu ya kilichotokea, huwezi kutengeneza mgongano. Daktari wako anaweza kulieleza hilo vizuri sana kwa ubao na bado yule mama aliyempoteza mwanawe akasimama mlangoni kila asubuhi. Mwandikie huyo mama. Hataki kubadilisha kitu. Anataka kusikia sauti mara moja, na shahidi pekee aliyekuwa na kijana wake hiyo asubuhi amekataa kutoa kumbukumbu, juu ni hiyo tu amebaki nayo ya rafiki yake. Hakuna mbaya hapo. Hiyo sehemu moja inabeba kitabu kizima na sitakuambia imalizike vipi, lakini nakuomba usiitumie kama pambo la kusisimua, watu wa hiyo siku wako hai na wanasoma.

Mahali, watu na vyuma

Hapa pita haraka ila uwe sahihi. Bodi la mtambo litengenezewe Kamukunji kwa mafundi wa jua kali, mabati yanakunjwa kwa nyundo mchana kutwa, na fundi atakuuliza vipimo, hatauliza ni ya nini. Vitu vya elektroniki nunua kule Luthuli Avenue. Moyo wa mtambo mimi naweka fuwele za kwatsi kutoka saa za mkono za mitumba, juu kila moja inatetemeka mara 32,768 kwa sekunde na kila moja imewahi kuvaliwa na mtu, kwa hivyo kwa uganga imeonja maisha yake. Zikae kwenye kitako cha jiwe la Kisii. Stima ikipotea mtambo usizime, ndio uwe mbaya zaidi, ukumbuke ile siku ya Agosti 2023 karibu nchi nzima ilikuwa giza kwa masaa mengi, andika mradi ulipitia nini usiku ule na jenereta haina mafuta.

Watu wasizidi 7. Ukiweka 20 hakuna atakayewajua. Daktari, mama wa fingo, fundi, karani wa rekodi, mtu wa maadili, dereva, na mlinzi wa usiku. Mlinzi wa usiku mpe kazi kubwa, ndiye anakaa na mtambo peke yake saa nyingi kuliko wote.

Makaratasi

Waandishi wengi wanaruka hii na mimi naona ndiyo inayofanya stori iaminike. Utafiti Kenya unahitaji leseni ya NACOSTI, tume ya taifa ya sayansi na teknolojia iliyoundwa chini ya sheria ya 2013, na utafiti unaohusu watu unapitia kamati ya maadili. Sasa weka hiyo ndani ya stori. Tuseme fomu inauliza utafiti utafanyika wapi na hakuna nafasi ya kuandika lini. Kamati inauliza fomu ya ridhaa ya shahidi iko wapi, mnaitoa, sawa, alafu mmoja anauliza na wale wengine walio ndani ya kumbukumbu yake, wale waliosimama karibu naye 1963 bila kujua kuna siku wataangaliwa, hao ridhaa yao nani alichukua? Chumba kinanyamaza. Hiyo kamati isiwe adui, iwe na akili, iwashinde mara moja kwa haki.

Bajeti nayo iwe ya shilingi, na kuwe na mstari wa nauli ya mashahidi, mstari wa chai, mstari wa ubani. Mkaguzi ataukubali wa chai na kuuliza maswali kuhusu ubani.

Saa mbili au saa nane

Amua mapema mtambo unahesabu kivipi. Sisi siku inaanza na jua, saa moja asubuhi ni muda mfupi baada ya jua kutoka, na hapa karibu na ikweta jua halihami sana, mwaka mzima linatoka kati ya saa kumi na mbili na robo hivi na saa kumi na mbili na dakika arobaini. Mashine iliyoagizwa kutoka nje inahesabu kutoka usiku wa manane. Fundi akiambiwa aweke saa mbili, akaweka 2, umekosea kwa saa sita na shahidi amepoteza kumbukumbu ya kulala badala ya ile mliyotaka. Dakika 11 za maisha yake zimeenda bure. Hii inaweza kuwa ajali ya kwanza ya mradi, ile wanaificha kwenye ripoti.

Fanya majaribio yaonekane

Utafiti bila jaribio lililofeli si utafiti. Stephen Hawking mwaka wa 2009 aliandaa pati ya wasafiri wa wakati pale Cambridge, akatuma mialiko baada ya pati kuisha, ili aje tu mtu anayeweza kurudi nyuma. Hakuna aliyekuja. Nakuomba utengeneze ya kwetu. Mradi unaweka chai na mandazi ukumbini siku ya alhamisi, viti 30, wanakaa wanangoja, wanafunga jioni, alafu wiki ijayo ndio karani anachapisha kadi. Kadi zenyewe ziandikwe vizuri, na lugha ya kukaribisha mgeni, karibu sana, tunakungoja. Sasa uamuzi ni wako. Mimi ningeacha viti 29 vitupu na kile cha mwisho mlinzi wa usiku aseme alikuta kikombe kimenywewa nusu, na daktari akatae kukiandika kwa ripoti maana hakuna shahidi wa pili.

Na ripoti ziandike kweli, kurasa fupi fupi za karani katikati ya chapta, tarehe, shahidi namba ngapi, dakika zilizopatikana, dakika zilizokatwa, hali ya shahidi baada. Lugha kavu. Karani asieleze huzuni yoyote, lakini ukurasa wa kwanza anaandika "shahidi namba 4" na ukurasa wa arobaini anaandika "shosho wetu", na bosi wake hajamrekebisha.

Ukimaliza, toa sheria zote za mtambo uziweke karatasi moja, bila stori, umpe rafiki mkali wa kubishana akutafutie mwanya. Atapata. Atakuuliza kwa mfano je shahidi akitoa kumbukumbu ya siku aliyokuwa anaangalia kumbukumbu ya mwingine inakuwaje. Usifunge huo mwanya kwa haraka, mpe mhusika mmoja auone chapta ya nne, na uamue wewe kama ni fundi, ni mama wa fingo, ama ni yule mama wa mlangoni.